Filamu ya Jakarta Ilipofika Mabanga

Ilianza na filimbi. Kabla picha yoyote haijatokea kwenye televisheni, filimbi ililia peke yake, kisha ngoma mbili ndogo zikaingia chini yake, kisha mwanamke akaanza kuimba kwa sauti ya kutetemeka, kama mtoto anayeimba huku amebebwa mgongoni. Ulikuwa wimbo wa Indonesia, na katika Mabanga nzima, mtaa wetu wa Goma, hapakuwa na mtu aliyejua maana ya neno lake hata moja. Lakini kufikia katikati ya likizo kubwa ya mwaka ule, akina mama waliuimba wakitwanga sombe, yale majani ya muhogo, waliuimba kwenye foleni ya maji, waliuimba vibaya, kila mmoja na maneno yake, na ole wako umwambie mwenzako kwamba amekosea. Mimi nilikuwa na miaka kumi. Nikiusikia wimbo wa namna ile leo, pua yangu inaniletea harufu ya petroli ya jenereta na vumbi jeusi la kiangazi, maana vitu hivyo vyote vilikaa pamoja katika chumba kimoja cha mbao.

Chumba hicho tulikiita sinema. Kilikuwa nyuma ya nyumba yetu, kuta za mbao, paa la bati, na mabenchi yaliyosimama juu ya mawe ambayo volkano ilituachia bila kuyasawazisha, hivyo ukikaa vibaya benchi lilicheza na jirani yako akakutukana. Mbele palikuwa na televisheni moja yenye mgongo mnene, na pembeni yake alisimama Papa na mikrofoni. Papa alikuwa mwalimu wa shule ya msingi huko Butembo kabla hatujahamia Goma. Huku hakuna aliyemwita mwalimu. Walimwita Mufasiri, kwa sababu kazi yake ilikuwa kusema filamu. Filamu zilitoka kila nchi, na watu wetu walitaka Kiswahili, basi yeye aliteremsha sauti ya televisheni akawa mwizi, akawa polisi, akawa bibi arusi, akawa hata mbwa. Nyimbo peke yake ndizo alizoziachia zipite. Kifaransa alikijua, Kiingereza alikijua nusu, na lugha nyingine zote alizijua kwa macho. Alisema ukiutazama vizuri uso wa mtu, nusu ya maneno yake umeshayapata. Ile nusu nyingine aliijaza mwenyewe, na mimi sitamtetea wala sitamsengenya, kwa sababu kazi ile ilikuwa na sheria zake: mufasiri hanyamazi, na mufasiri hasemi "sijui." Akinyamaza tu, watu wanageuza vichwa na kumtazama yeye badala ya filamu.

Filamu ya Jakarta ililetwa na shangazi yangu Kahindo, dada yake Papa. Yeye ni mfanyabiashara wa Butembo, na watu wa Butembo unawajua: wakisikia kuna kitambaa mwisho wa dunia, watauliza ndege inaondoka lini. Alikuwa anakwenda Jakarta kununua nguo, anakaa huko miezi, anarudi na mizigo. Safari ile, ndani ya furushi la mashati, alituwekea diski nane za tamthilia moja ndefu, zawadi kwa kaka yake. Hazikuwa na maandishi ya Kifaransa chini, hazikuwa na maandishi yoyote. Tena tamthilia yenyewe haikuishia pale. Sehemu zilizobaki zilikuwa bado sokoni Jakarta, na shangazi mwenyewe alisharudi huko. Watu walipoona sura za wachezaji wakasema hawa ni Wahindi. Papa akasema hapana, Wahindi wanaimba na kukimbia, hawa wanaimba wamekaa. Basi hoja ikaisha.

Papa aliwapa watu wa filamu majina ya kwetu, kama kawaida yake. Mwanamke mkuu alimwita Zawadi. Mume wake, aliyepanda meli kwenda kutafuta kazi kisiwa cha mbali na asirudi, alimwita Safari. Mama mkwe, mwanamke mwenye macho makali ambaye kila siku alikuwa na jambo la kufoka, alimwita Nyamulagira, kama ule mlima wetu wa moto, na akina mama walicheka hadi wengine wakashikilia ukuta. Kisa chenyewe kilikuwa rahisi. Zawadi anangoja, na mtoto mchanga mkononi. Mama mkwe anamtesa. Anakuja mwanamume mwenye gari anamtaka, Zawadi anamkataa. Kila diski anangoja, na kila diski ilionyeshwa saa nane mchana, saa ambayo akina mama wa Mabanga wamemaliza soko la asubuhi na bado hawajawasha makaa ya jioni. Walikuja na watoto mgongoni, na mchele wa kuchambua kwenye ungo. Walimshauri Zawadi kwa sauti, na Papa mara nyingine aliwajibu kupitia mdomo wa Zawadi mwenyewe. Hiyo ndiyo iliyokuwa raha ya sinema yetu, na hiyo hiyo ndiyo iliyotuponza.

Kati ya akina mama hao alikuwa Mama Furaha. Alikodi chumba kimoja katika parseli yetu, ua mmoja na sisi, yeye na watoto wake wawili, Furaha aliyekuwa rika langu na mdogo wake wa kiume. Walikuwa Wahunde wa milima ya Masisi. Walikimbia vita, wakafika Sake, na pale mume wake akasema anarudi siku moja tu kuchukua ng'ombe wawili waliobaki. Hakuonekana tena. Mama Furaha alimngoja kwanza katika kambi ya Mugunga, kisha akamngojea kwetu. Alikuwa anauza sombe iliyotwangwa, mwanamke wa maneno machache, mwenye tabia ya kukaa benchi la mbele kabisa na kukunja mikono. Miaka miwili ilikuwa imepita. Likizo ile, kaka yake aliyekuwa Bukavu, ng'ambo ya ziwa, alimtumia ujumbe na mtu wa meli: chumba kipo, cherehani ipo, watoto nimewapatia nafasi shuleni, lakini uje kabla masomo hayajafunguliwa, sitaweza kuvishikilia zaidi ya hapo. Kwa mtu aliyelala chini ya bashe, turubai la wakimbizi, huko Mugunga, huo si ujumbe wa kuchezea. Mama yangu alimwambia aende, na kwamba mume wake akitokea tutamwelekeza. Mama Furaha akafunga furushi lake. Meli ilikuwa ya Jumamosi, mwishoni mwa mwezi wa saba. Diski ya nane ilikuwa ya Alhamisi.

Papa alikuwa na desturi ya kutazama kila diski asubuhi kabla ya kuisema mbele ya watu, na likizoni nilitazama naye, mimi peke yangu, kwa sababu kaka zangu walipenda filamu za kupigana tu. Asubuhi ya Alhamisi tulifika mwisho wa diski ya nane. Zawadi amevaa nguo nyeupe na kitambaa kichwani. Amebeba kikapu cha maua yaliyochambuliwa, mekundu na meupe, na mtungi wa maji. Anapiga magoti mbele ya tuta la udongo mzuri, laini, lililotengenezwa vizuri, na kila mwisho wa tuta pana kijiti kifupi. Anamwaga maji juu ya udongo polepole. Anatawanya maua. Anasema maneno mengi na machozi yanamtoka. Kisha filimbi, na diski inaisha. Papa akasimamisha picha, akakuna kidevu, akaniuliza mimi naona nini. Nikamwambia, bila hata kufikiri, kwamba Zawadi anapanda bustani, ili Safari akirudi akute maua yameota. Papa akacheka, akasema nina kichwa cha mufasiri. Nilifurahi siku nzima.

Mtu wa mahali pengine atatushangaa. Lakini Goma ni mji wa mawe. Mtu akitaka kupanda hata kitunguu, ananunua udongo kwenye magunia, anautengenezea tuta, anaweka vijiti ili watoto wasiukanyage, anaumwagilia kama mgonjwa. Udongo laini namna ile, kwetu sisi, ulikuwa ni bustani tu. Kaburi tulilijua: rundo la mawe meusi na msalaba. Waislamu wamo Goma na wana mazishi yao, lakini sisi wa nyumba ile tulikuwa Wakatoliki wa Butembo, hatukuwahi kwenda kuzika kwao hata mara moja. Tulikuwa na macho manne, yangu na ya Papa, na yote manne yaliona kile ambacho tayari yalikijua. Kuuliza si ujinga, wanasema wahenga, lakini nani wa kuulizwa, na sheria ya kazi ndiyo hiyo niliyoitaja.

Basi Alhamisi saa nane Papa akasema. Na alisema vizuri, Mungu amsamehe. Alimfanya Zawadi aseme kwamba nchi hii si yake, mama mkwe si mama yake, lakini hapa ndipo miguu ya Safari inapajua, na mtu anayerudi anarudi mahali anapopajua. Akina mama walilia wakisahau mchele kwenye ungo. Mama Furaha hakulia. Alitoka, akaenda chumbani kwake, na mimi na Furaha tukiwa tunacheza mlangoni tulimwona akifungua furushi, anatoa masufuria moja moja na kuyarudisha mahali pake. Mama yangu akaja mbio kuuliza kuna nini. Mama Furaha akamjibu bila kugeuka.

"Mutu mwenye amepanda bustani hawezi hama."

Jumamosi meli iliondoka bila wao. Mimi, nitasema ukweli, nilifurahi, kwa sababu rafiki yangu alibaki. Raha hiyo haikudumu. Masomo yakafunguliwa, nikavaa shati jeupe na sketi ya bluu, na Furaha akabaki uani na mchi wa sombe, kwa sababu huku Goma hapakuwa na nafasi aliyowekewa na mtu. Jioni aliniomba nimwonyeshe daftari langu, nami nikaanza kulificha, si kwa roho mbaya, ni aibu tu. Mwezi wa kumi na moja mtu wa meli alileta habari kwamba chumba cha Bukavu sasa kinakaliwa na shemeji ya kaka yake, na cherehani ni yeye anayeitumia. Mama Furaha alipokea habari hiyo akiwa amesimama, akasema asante, akaendelea kuosha majani. Lakini maji yakimwagika hayazoleki, na kila mtu pale uani alilijua hilo.

Wiki moja kabla ya Noeli shangazi Kahindo akatokea kutoka safarini, amenenepa, na mizigo yake mbele. Akakuta Papa anairudia filamu ile kwa sababu akina mama walikuwa wameiomba tena, akaingia, akakaa nyuma. Ilipofika ile sehemu ya mwisho na Papa akaanza habari ya bustani, shangazi alicheka kicheko kimoja kifupi, kisha akakikata alipoona wengine wote wanafuta machozi. Alingoja mpaka tulipokuwa ndani, sisi wa nyumba tu. Hapo akamwambia Papa kwamba yeye amekaa Jakarta nyumba iliyo jirani na makaburi, kwamba kabla ya mfungo wao mama mwenye nyumba humchukua waende pamoja na kikapu cha maua kama kile kile na maji kama yale yale, na kwamba yale ni mambo ya kila familia huko, hata mtoto anayajua.

"Kaka, ile ni kaburi," akasema. "Wale ni Waislamu. Musalaba ungetoka wapi?"

Sijawahi kumwona Papa akikaa chini namna ile. Mimi nilikuwa nyuma ya pazia. Nilimngoja aseme kwamba bustani ilikuwa ni maneno ya mtoto, kwamba mimi, Kavira wake, ndiye niliyesema. Hakusema. Siku mbili hakula wala hakulala vizuri. Mama alikuwa na hoja, na hoja yake haikuwa ya kijinga: Bukavu imeshaondoka, cherehani imeshaondoka, sasa unataka kumwondolea hata kile kidogo kilichomshikilia, ili iweje? Wewe nyamaza, mwache mwanamke na tumaini lake. Papa akamjibu kwamba tumaini lile si la mwanamke yule, ni yeye aliyelitengeneza kwa mdomo wake, na sasa linampikia mtu chakula cha uongo kila siku. Waligombana kwa sauti ya chini, ndiyo mbaya zaidi.

Jumapili baada ya misa akawaita akina mama wote, akaweka diski ya nane, akaipeleka moja kwa moja hadi mwisho. Zawadi akapiga magoti. Papa akaweka mikrofoni chini kwenye benchi, na kwa mara ya kwanza nikamsikia mufasiri akisema kwa sauti yake mwenyewe.

"Hapa niliwadanganya. Sikujua, nikasema. Hii si bustani, ni kaburi ya Safari."

Kukawa na minong'ono, mwingine akacheka akidhani ni mzaha. Mama Furaha alikuwa mbele, mikono imekunjwa. Alitazama picha mpaka filimbi ikaanza. Kisha akauliza Zawadi anasema nini pale alipopiga magoti, na Papa, mtu aliyekuwa amesema kwa niaba ya mbwa na majambazi, akamjibu kwamba hajui. Mama Furaha akaitikia kwa kichwa, akatoka. Kabla ya mwaka mpya alimwita katekista, misa ikasomwa kwa ajili ya mume wake, akakata nywele, akavaa kitambaa cheusi, akaomboleza kama mtu anayelipia kuchelewa kwake. Akina mama wa parseli walikaa naye chini siku zote. Mimi nilipeleka maji na sikuthubutu kumtazama usoni. Watu waliendelea kuja sinema, maana watu wanasamehe mambo ya filamu, ila walimtania Papa. Akieleza kitu, sauti moja ilitoka nyuma ikimwuliza kama ana hakika. Na yeye tangu siku ile, mahali asipojua alisema hajui. Wengine walipenda, wengine walikwenda kwa mufasiri wa pili kule barabarani, ambaye alijua kila kitu.

Papa amekwishafariki. Sinema ile ni chumba cha kupangisha sasa, na hakuna anayekodi mufasiri, maana kila mtu ana filamu mfukoni. Umeme ukiwepo na mtandao ukikubali, watoto wa dada yangu wanatazama video za Indonesia kuliko za hapa: za mizimu yenye nywele ndefu, za wapishi wa pilipili, za wasichana wanaocheza ngoma zile zile za filimbi, ila sasa zimeongezewa kishindo. Maandishi ya Kifaransa yanapita chini, yametengenezwa na mashine. Siwezi kusema zamani ilikuwa bora, nisije nikawa kama wazee wanaolilia hata njaa ya zamani. Mashine inajua kaburi ni kaburi. Ingekuwapo wakati ule, Furaha angesoma Bukavu. Lakini mashine haijui nani amekaa benchi la mbele, na ikikosea haikosi usingizi siku mbili, inaendelea tu na neno linalofuata. Watoto wetu wanapata maana yote, kila mmoja na kona yake, na hakuna anayegeuka kumwuliza jirani ameona nini.

Mwaka jana nikaikuta. Mtu fulani ameipandisha tamthilia nzima, picha zimefifia, maandishi ya mashine chini. Nilikwenda moja kwa moja kwenye kaburi. Nikasoma, nikakaa nayo wiki nzima, kisha nikabeba simu yangu na sambaza za kukaanga, wale samaki wadogo wa ziwa letu, nikaenda kwa Mama Furaha. Bado anakaa Mabanga, njia mbili kutoka kwetu, bibi wa wajukuu wanne, mvi kichwani, amepita vita vingine na volkano nyingine na hakuhama. Nilimwonyesha picha. Aliishika simu mbali na macho, akamtambua Zawadi mara moja, akaniambia nimsomee. Nikamsomea kwa Kiswahili. Zawadi anamwambia mume wake kwamba paa linavuja upande wa mama yake. Kwamba baiskeli ameiuza, asikasirike. Kwamba mtoto ameanza kutembea. Kwamba kesho atafungua meza ya wali pale stendi, na akichelewa kuja tena kumtembelea, ni kwa sababu ya kazi. Basi, ni hayo tu. Mama Furaha akanifanya niyasome mara tatu.

Kisha nikamwambia lile jambo ambalo nilikuwa nimelibeba tangu nikiwa na miaka kumi: kwamba Papa hakuiona bustani yeye, mimi ndiye niliyemwambia, na yeye akanificha. Sikuomba msamaha vizuri, nilijikanyaga tu kwenye maneno. Mama Furaha alirudisha simu mkononi mwangu, akaifunika sahani ya sambaza kwa kitambaa ili inzi wasiikalie, akanitazama.

"Bukavu mulinikosesha," akasema. "Furaha alikaa mwaka muzima bila masomo, na ile siwezi kukwambia ni kitu kidogo. Lakini ile miezi tano, Kavira, mimi nilikuwa bado na bwana."